Nzi asiyeuma katika shamba la maharagi

Juma hili tunaongea habari ya mdudu ambaye wengi wetu tunamfukuza kwa kitambaa tukidhani ni nyuki. Tunamkuta kwenye maua jua likishapanda. Ni mwembamba, ana mistari ya manjano na nyeusi, na urefu wake ni kama ukucha wa kidole. Anasimama hewani bila kusogea, utasema ametundikwa kwa uzi, halafu ghafula hayupo. Huyo si nyuki wala nyigu, ni nzi. Nyuki ana mabawa manne, yeye ana mawili tu, na hana mwiba wa kuchoma mtu.

Wataalamu wanamwita Ischiodon aegyptius. Jina linataja Misri, lakini anaishi karibu Afrika nzima. Sisi tumwite nzi wa maua, inatosha. Chakula chake ni unga wa maua na maji yake matamu, na jike akikosa unga huo mayai yake hayakomai. Ukiona macho makubwa yanayogusana juu ya kichwa, huyo ni dume. Ya jike yameachana kidogo.

Kazi kubwa inafanywa na watoto wake. Wote tunavijua vile vidudu vyeusi vinavyojaa kwenye shina changa la maharagi mpaka majani yanajikunja, na sisimizi wanapanda na kushuka kufuata utamu wavyo. Vinafyonza maji ya mmea na kutembeza magonjwa toka shina hadi shina. Nzi wa maua anavitafuta, anataga yai moja moja, jeupe, karibu navyo. Baada ya siku chache yai linatoa mtoto asiye na miguu wala macho, mfano wa funza wa kijani, amechongoka upande wa kichwa. Anapapasa kulia na kushoto mpaka aguse kidudu. Anakikamata, anakiinua juu, anakifyonza mpaka inabaki ngozi, anaitupa, anatafuta kingine. Kabla ya kujibandika kwenye jani kama tone la maji na kugeuka nzi, amekwisha kula vidudu kwa mamia.

Basi mama anamwona funza huyo kati ya vidudu, anasema, "Hata funza wameingia!" na anakimbia kununua dawa ya kupuliza. Dawa inawaua wote pamoja. Lakini vidudu vyeusi vinazaa bila dume, tena vinazaa watoto walio hai, wala havingoji mayai. Vichache vikibaki chini ya majani, baada ya siku kidogo vimejaa tena, na yule aliyekuwa akivila hayupo. Mama anapuliza mara ya pili, na majani hayo hayo ya maharagi ndiyo tunayoyachuma kwa mboga ya watoto.

Kwa hiyo, kabla ya kufungua chupa, tugeuze majani tutazame. Tukikuta funza wa kijani katikati ya vidudu, tungoje siku chache. Shina lililojaa sana tulipitie kwa vidole, tuvikamue vidudu, yeye tumruke. Na pembeni ya shamba tuache karoti au vitunguu kadhaa vichanue, maana mama nzi anahitaji maua karibu.

Kwa karanga, tuseme wazi, nzi huyu hatoshi. Ule ugonjwa unaofanya karanga zibaki fupi, majani yakabanana na kugeuka manjano, unaletwa na vidudu vya jamaa hiyo hiyo, na nzi anafika vidudu vikishakuwa vingi, ugonjwa umekwisha kuingia. Huko kinachosaidia ni kupanda mapema, mvua ikianza tu, na kupanda kwa kubananisha, shamba lifunikwe upesi na majani.