Kicheko Si Upuuzi

Wako watu wenye heshima zao ambao wakisikia habari za mchekeshaji hukunja uso. Husema kuwa kuchekesha ni kazi ya mpuuzi, na kwamba mwenye akili hapotezi wakati wake kumtazama. Msomaji kijana, usiyapokee maneno hayo kabla ya kuyapima. Mimi nayakataa, na shahidi wangu ni Kemal Sunal, Mturuki aliyezaliwa Istanbul mwaka 1944.

Mtu huyu alianzia katika jukwaa la michezo ya kuigiza, akaingia katika sinema mwaka 1972, na mpaka kufa kwake alikuwa ameonekana katika filamu zaidi ya 80. Mwaka 1975 aliigiza katika Hababam Sınıfı, filamu iliyotokana na kitabu cha Rıfat Ilgaz, mwandishi aliyepata kuwa mwalimu. Humo alikuwa Şaban, mwanafunzi mzito wa akili katika shule ya bweni, aliyefanyiwa mzaha na wenzake. Jina hilo ndilo Shaabani tulijualo sisi, nalo lilimganda katika filamu nyingi zilizofuata.

Wapinzani wangu watasema, “Basi, mjinga amewachekesha wajinga!” Taratibu, mabwana. Ulizeni kwanza ni nani aliyechekwa. Katika Kapıcılar Kralı, filamu ya mwaka 1976, Sunal ni bawabu wa jumba la kupangisha. Wapangaji humwamuru na kumtuma huku na huko, naye kimyakimya anazijua siri zao zote na kuwashinda kwa werevu. Kazi hiyo ilimpatia tuzo ya mwigizaji bora wa kiume mjini Antalya mwaka 1977. Katika Kibar Feyzo, ya mwaka 1978, yeye ni mkulima fukara aliyelemewa na mahari, na juu ya kichwa chake amekaa kabaila mwenye kijiji kizima. Katika Zübük, ya mwaka 1980, iliyotokana na riwaya ya Aziz Nesin, aliigiza mwanasiasa laghai apandaye cheo kwa ngazi ya uongo. Je, hapo anayechekwa ni mnyonge? La, ni kabaila, ni laghai, ni mpangaji mwenye kiburi. Mwenye nguvu akishutumiwa aweza kujibu shutuma kwa shutuma. Akichekwa na umati, atajibu nini?

Sisemi kwamba kila filamu yake ni dhahabu. Nyingine zilitengenezwa kwa haraka, visa vikarudiwa, na matusi yakazidi. Lakini mnazi hauhukumiwi kwa koroma moja.

Tena, mtazameni mpuuzi huyu alivyoishi. Akiwa mtu mzima, maarufu nchini kote, alirudi darasani. Alihitimu katika Chuo Kikuu cha Marmara mwaka 1995, na mwaka 1998 akapata shahada ya uzamili kwa tasnifu aliyoiandika juu ya uchekeshaji wake mwenyewe katika televisheni na sinema. Wangapi kati ya wanaomdharau wamepata kuichunguza kazi yao hivyo? Tarehe 3 Julai 2000 moyo wake ulisimama ndani ya ndege mjini Istanbul, alipokuwa akielekea Trabzon kutengeneza filamu nyingine. Mauti yalimkuta safarini kwenda kazini.

Viko vicheko viwili, ewe kijana. Kimoja humkanyaga aliyekwisha anguka: mwenye kigugumizi, mwenye shati lililochanika, aliyekuwa wa mwisho katika mtihani. Hicho ndicho upuuzi, na huhitaji kwenda sinema kukiona, maana kimo darasani mwako. Kingine humvua kilemba aliyejivika ukubwa usio wake. Basi ukitaka kucheka, tazama kwanza anayechekwa yuko juu au yuko chini. Ukimwona yuko chini, funga kinywa chako ukampe mkono.