Stara ya Mtu Si Bidhaa



Wahenga wetu walisema: aibu ya maiti aijuaye ni mwosha. Maana yake inafahamika. Mtu aliyeitwa kuosha maiti huona mwilini mambo ambayo hata watoto wa marehemu hawakuwahi kuyaona, naye akimaliza kazi yake hutoka kimya. Akitoka na kuyasimulia barazani, mji mzima utamwita khaini, na hapana atakayemwita tena. Ile ni amana. Leo nataka tuichukue mizani hii hii ya mwosha maiti, tuipimie biashara moja kubwa ya zama zetu: biashara ya televisheni inayomsimamisha mtu aliye hai mbele ya taa, ikamtoa siri ya moyo wake, kisha ikatuuzia sisi tukae tutazame.

Nakusudia vile vipindi viitwavyo vya maisha halisi. Watu hukusanywa nyumba moja au ukumbi mmoja, kamera zikawafuata wakivaa, wakigombana na wakilia, na kila juma mmoja hutolewa mpaka abaki mshindi. Kimojawapo kilichovuma sana kilianza huko Marekani mwezi wa Februari 2009, nacho huitwa RuPaul's Drag Race, kwa jina la mwenyewe RuPaul, mwanamume aliyepata umaarufu kwa kuimba na kucheza jukwaani akiwa amevaa mavazi ya kike. Washindani hujipamba, huvaa nywele za bandia na magauni, hucheza mbele ya majaji, na wawili walioshindwa huamrishwa waigize wimbo kwa midomo ili ajulikane nani atabaki na nani ataondoka. Mshindi wa mwaka 2009 alipewa dola 20,000. Mshindi wa mwaka 2023, Sasha Colby, alipewa dola 200,000. Zawadi haiongezeki mara kumi ila kwa sababu soko limepanuka.

Katika soko hilo alipita mtu mmoja, na safari yake yafaa tuitazame kwa makini. Jina lake la jukwaani lilikuwa Sonique, akitokea Atlanta, katika jimbo la Georgia. Aliingia katika mashindano ya mwaka 2010, akatolewa mapema. Walipokusanywa washindani wote mwishoni kwa kikao cha kukumbushana, akasema mbele ya kamera kwamba yeye, aliyezaliwa akahesabiwa mwanamume, nafsini mwake ni mwanamke, na kwamba anataka kuishi hivyo. Miaka 11 ikapita. Mwaka 2021 akarudi kwa jina la Kylie Sonique Love, akashinda mashindano ya wale waliokwisha kushiriki zamani, akachukua dola 100,000. Magazeti yakaandika kuwa yeye ndiye wa kwanza wa namna yake kutwaa taji katika mashindano hayo ya Marekani.

Na kabla ya ushindi huo, mwaka 2013, mwenziwe aitwaye Monica Beverly Hillz alisimama mbele ya majaji wakamlaumu kuwa mawazo yake hayapo mchezoni. Akalia, akatamka siri ile ile pale pale. Haukupita muda akatolewa. Siri ilibaki kwao, imo katika mikanda yao mpaka leo, na kila anayelipa huweza kuitazama tena.

Msomaji wangu, uniwie radhi nikuulize: mtu anapopasuka moyo akatamka jambo zito kuliko yote maishani mwake, adabu ya mwenye kusikia ni ipi?

Mtume wetu (S.A.W.) alijiwa na Maiz akiungama jambo lake. Vitabu vya Hadithi vinatueleza kuwa Mtume alimgeuzia uso upande mwingine. Maiz akazunguka, akaja upande ule. Mtume akageuka tena. Na yule Hazzal aliyemshawishi aje kusema, Mtume alimwambia kuwa lau angemsitiri kwa nguo yake, ingekuwa bora kwake. Sifananishi jambo na jambo, wala mtu na mtu. Natazama adabu ya mwenye kusikia tu. Mbora wa viumbe alipoletewa siri aligeuza uso. Kamera inapoletewa siri husogea karibu, ikayatafuta machozi yanapochirizika. Kisha hutiwa muziki wa huzuni, kisha hukatwa mahali penye utamu, kisha huja tangazo la sabuni. Hazzal wa zama hizi hulipwa mshahara kwa kazi ile ile aliyolaumiwa Hazzal wa zamani.

Watetezi wa vipindi hivi watasema: wewe sheikh hukufahamu, hawa ni watu waliokuwa wakidharauliwa, na televisheni ndiyo iliyowapa heshima. Haya, na tuitazame heshima hiyo.

Mwezi wa Machi 2014, kipindi hicho hicho kilifanya mchezo wa kuonyesha picha za viungo vya miili ya watu, washindani wakatakiwa wabahatishe: huyu ni mwanamke wa kuzaliwa au ni mwanamume aliyejipamba? Jina la mchezo lilikuwa na neno la matusi ambalo watu wa Magharibi huwatukana nalo waliobadili jinsia. Waliotukanwa wakalalamika, miongoni mwao washindani wa zamani wa kipindi chenyewe, na mwezi wa Aprili stesheni ikakiondoa kipindi kile hewani. Mwaka 2018 RuPaul aliliambia gazeti la Guardian la Uingereza kwamba aliyekwisha kuanza kuubadili mwili wake yumkini asingemkubalia kushindana. Kelele zikazuka, akaomba radhi baada ya siku chache. Mwaka 2021 hata maneno ya kufungulia mashindano yakabadilishwa ili yasimtaje mwanamume wala mwanamke, na mwaka huo huo Sonique akavishwa taji.

Hesabu mwenyewe: mwaka 2014 kicheko, mwaka 2018 mlango nusu umefungwa, mwaka 2021 taji. Je, katika miaka hiyo saba ubinadamu wa watu hawa ulipungua ukaongezeka? La, hasha! Mtu ni yule yule. Kilichopanda na kushuka ni bei. Wanunuzi walipocheka, wakauziwa kicheko; walipotaka machozi na pongezi, wakauziwa machozi na pongezi. Heshima inayotolewa na soko hurejeshwa na soko, na mwenye kuitegemea amejenga nyumba kwenye kingo ya bahari maji yakiwa yametoka.

Asiyesadiki na autazame mfano wa Uingereza. Mwaka 2004 stesheni ya Sky ilionyesha mchezo ulioitwa There's Something About Miriam. Wanaume sita walishindania mapenzi ya Miriam Rivera, mtu wa Meksiko, pasi na kuambiwa kuwa alizaliwa akahesabiwa mwanamume. Siri ikawekwa mpaka mwisho, kama mfanyabiashara anavyoficha ghalani akingoja bei ipande, ikafunguliwa kamera zikiwa tayari. Wanaume wale wakashitaki, wakalipwa ili wanyamaze, na mchezo ukaonyeshwa vivyo hivyo. Hapo wote walidhulumiwa: waliodanganywa, na yeye aliyefanywa kuwa mtego. Miriam alifariki dunia mwaka 2019. Waliotengeneza mchezo ndio waliotia mfukoni.

Watetezi hawajesha. Watasema: hakulazimishwa mtu, kila mmoja alitia saini kwa khiari yake. Nami nitajibu kuwa mwenye njaa akiuza shamba la minazi kwa pishi ya mchele, mnunuzi hawezi kujisifu kwamba aliuziwa kwa ridhaa. Wanavyuoni wa fiqhi wameizungumza dhulma ya bei kabla ya televisheni kuzaliwa. Na watasema tena: lakini mtu huyu hakuwa na pengine pa kusema, nyumbani kwao hasikilizwi. Hilo, wallahi, huenda likawa kweli, na ni neno zito. Lakini kama nyumba haikumsikiliza, hiyo ni lawama ya nyumba, si fahari ya televisheni. Mtoto akienda kulia kwa jirani mlevi, jirani hawi mwema kwa hilo. Ni mzazi ndiye ajiulize.

Na hapa, ndugu msomaji, maneno yanatoka Marekani na Uingereza yanakuja mlangoni kwetu. Maana wapo kati yetu wanaosoma haya kwa furaha, wakisema: hayo ndiyo ya makafiri, sisi tumesalimika. Tumesalimika na nini? Vipande vya vipindi hivyo vimo katika simu za vijana wetu, na za wazee pia. Hutumiwa baada ya Isha, mtu akacheka, akatukana, akalaani, akamtumia mwenziwe naye acheke. Yeye hujiona amekataza maovu. Kumbe ni mteja wa duka lile lile! Mwenye duka hamwulizi mteja kama anatazama kwa mapenzi au kwa chuki. Yeye huhesabu macho, na kila jicho lina bei.

Sikuja kuificha hukumu ya dini. Kwamba Mtume (S.A.W.) amekataza kwa ukali mwanamume kujifananisha na mwanamke kwa makusudi, na mwanamke kujifananisha na mwanamume, ni jambo lililothibiti katika Sahihi Bukhari. Lakini wanaolishika nusu ya somo hawakusoma. Imam Nawawi, aliyefariki mwaka 676 Hijria, ameeleza katika sharhe yake ya Sahihi Muslim kwamba watu hawa ni namna mbili: yuko aliyeumbwa na tabia hiyo bila ya kujitakia, naye hana lawama wala dhambi, na yuko anayejitia makusudi, na huyo ndiye aliyekemewa. Sasa wewe unayetazama kipande cha dakika moja katika simu, ni nani aliyekupa elimu ya kujua huyu ni wa namna ipi? Umeingia moyoni mwake? Mas-ala haya yana wenyewe. Ilipozuka khabari ya namna hii Misri mwaka 1988, iliyomhusu mwanafunzi wa udaktari wa Al-Azhar, iliulizwa fatwa kwa Mufti wa nchi, Sheikh Muhammad Sayyid Tantawi, naye akarejea kwenye neno la matabibu. Walihitilafiana wakubwa wenye ilimu. Sisi wa barazani tunakata shauri kabla kahawa haijapoa!

Na lipo jingine. Abu Dawud amepokea kwamba aliletwa kwa Mtume mtu aliyetia hina mikono na miguu akijifananisha na wanawake. Mtume akaamrisha ahamishiwe mahali paitwapo Naqii. Masahaba wakauliza kama wamuue, akawajibu kwamba amekatazwa kuwaua wenye kusali. Zingatia: hata pale hukumu ilipotolewa, ilitolewa na mwenye mamlaka, ikawa na mpaka, na mkono wa watu ukazuiwa. Haikuachiwa genge la vijana wenye fimbo.

Nalitaja genge kwa kuwa ndiko kicheko kinakoelekea. Katika kila mtaa yupo mtoto mwenye sauti laini, au mwendo wa pole, au anayependa kukaa jikoni na mama yake. Hajafanya lolote. Wenziwe wakisha kukishiba kile kipande cha simu, humtafutia jina; jina likazaa kofi, kofi likazaa jiwe, na mtoto akakimbia chuo, pengine akakimbia mji. Siku atakapowakuta wenye kamera wanaomwambia njoo, sisi tutakusikiliza, tutashangaa kwa nini amekwenda? Sisi ndio tuliomsukuma, na wao wakamdaka.

Mwenyezi Mungu (S.W.T.) ametukataza katika Suratul Hujurat, aya ya 11, watu wasiwadharau watu wenzao, kwani huenda wanaodharauliwa wakawa bora kuliko wao, na akatukataza kuitana majina mabaya. Katika aya inayofuata akatukataza kupeleleza siri na kusengenya. Hakusema: ila anayeonekana katika televisheni. Na Mtume ametufundisha kuwa mwenye kumsitiri Muislamu, Mwenyezi Mungu atamsitiri duniani na Akhera. Ni nani kati yetu asiyeihitaji stara hiyo?

Basi nasaha yangu ni hii. Kwanza, kipande kikikujia, kifute, usikitume; kukikata mkononi mwako ni kumnyima mwenye duka mteja mmoja. Pili, enyi wazazi na walimu wenzangu wa vyuo, mtoto akija na jambo zito lifungeni domo, mfungue masikio, wala asitoke mlangoni kwenu siri yake ikamtangulia barabarani. Tatu, mwenye kumpiga au kumzomea mwana wa mwenziwe kwa sauti yake au mwendo wake, akanywe hadharani kama anavyokanywa mwizi, kwani ameiba amani ya mtu.

Mwosha maiti hulipwa kidogo, pengine halipwi kitu, lakini hunyamaza. Na tuwatendee walio hai angalau kama anavyowatendea waliokufa.

Mwenyezi Mungu atusitiri sote, wanaojulikana na wasiojulikana, na atujaalie tuwe wenye kusitiri. Amin.

Wallahu aalam.