Kabla ya kununua vipuri, muulize anayeliendesha gari

MSOMAJI mpendwa, je, gari limewahi kukuzimikia ukiwa umelielekeza kwenye feri, nyuma yako lori la mchanga likipiga honi, mbele yako bahari, na kiti cha nyuma wamekaa watoto wawili wenye sare za shule wakikuuliza, "Mama, leo pia tutachelewa?" Mimi yamenikuta, tena si mara moja wala mbili.

Nyumbani kwetu ni Shelly Beach, upande wa Likoni, na watoto wanasoma kisiwani. Kwa hivyo kila asubuhi ya siku ya shule mimi na gari letu tunajiunga na ile foleni maarufu ya kuvuka. Wanaoijua wanaijua. Unasogea hatua mbili, unasimama. Unasogea tatu, unasimama. Mguu unahama kutoka breki kwenda kwenye mafuta na kurudi kwenye breki mpaka goti linauma.

Gari lenyewe ni dogo, la Kijapani, la zamani, tulilolinunua kwa mtu aliyekuwa amekwisha kulichoka. Ugonjwa wake ulianza polepole. Nikigusa mafuta kidogo tu ili nisogee, linashtuka kama punda aliyechapwa, halafu linakufa. Nikizungusha ufunguo, linawaka papo hapo bila ubishi, kana kwamba hapakuwa na lolote. Baada ya dakika kumi linarudia tena.

Sasa sikia kichekesho. Mume wangu hulichukua mwisho wa wiki kwenda Ukunda kumwona mamake. Njia yake yeye ni barabara ya wazi, inayopita Ng'ombeni, Waa na Tiwi, na huko gari hukimbia kama lililotoka dukani jana. Kila akirudi huniambia, "Mama watoto, gari halina neno. Labda wewe unaiachilia klachi vibaya." Mama mkwe naye, alipopata habari, akasema kwamba zamani wanawake walipanda basi na mambo yakawa sawa.

Plagi, pampu, kisha injini

Hata hivyo, mume wangu si mtu mbaya. Alilipeleka gari kwa fundi. Fundi wa kwanza alilisikiliza likinguruma, akatikisa kichwa na kusema ni plagi. Tukanunua plagi nne mpya. Jumatatu gari likafa kwenye foleni kama kawaida yake.

Fundi wa pili akasema pampu ya petroli imechoka. Hiyo nayo ikanunuliwa, na pesa zake, nasema bila kuficha, zilitoka katika kibahasha cha karo ya muhula wa pili. Jumanne gari likafa, safari hii kwenye mteremko wenyewe wa kuingilia feri. Fundi wa tatu hakutaka hata kubahatisha kidogo kidogo. Alisema injini ifunguliwe.

Hapo ndipo nilipokosa usingizi. Mwenye gari la zamani anajua kwamba injini ikishafunguliwa, kuna boliti ambazo hazirudi mahali pake, na kuna bili isiyokuwa na mwisho. Tena nilianza kuuogopa ule mteremko. Wakazi wa Likoni hatujaisahau Septemba 29, 2019, siku ambayo gari liliteleza kutoka kwenye feri likazama kivukoni, mama na mtoto wake wakafariki. Sisemi kwamba mkasa ule ulitokana na ubovu kama wa gari letu. Nasema tu kwamba mama yeyote aliyewahi kuzimikiwa na gari pale, na watoto wakiwa nyuma, huukumbuka.

Swali la mzee

Jirani yangu mmoja akaniambia, "Kabla hamjafungua injini, kuna mzee mmoja pale Likoni hufanya kazi chini ya mwembe. Nenda wewe mwenyewe, usimtume mtu." Nikaenda.

Mzee yule hakushika spana. Alijifuta mikono kwa kitambaa, akaniuliza, "Mwanangu, gari hili hufa wapi? Na likifa, nani huwa kwenye usukani?"

Nilibaki nimeduwaa. Mafundi watatu walikuwa wamelishughulikia gari lile, na hakuna hata mmoja aliyeniuliza swali hilo. Wote walizungumza na mume wangu, na mume wangu aliwaeleza gari analolijua yeye, la barabara ya Ukunda. Wakalijaribu katika barabara hiyo hiyo, wakaliona zima, wakarudi kubahatisha.

Basi nikamweleza mzee yote. Kwamba hufa kwenye foleni peke yake. Kwamba hufa nikigusa mafuta kidogo, si nikikanyaga sana. Kwamba huwaka mara moja. Mzee akatabasamu. "Pampu ikichoka," akasema, "gari hulemewa linapokazwa mwendo au mlimani. Lako linakufa likiwa halijatumwa kazi yoyote. Hebu tuiangalie sensa ya throto."

Kama redio ya babu

Usishtuke, msomaji. Sensa hii si ile ya serikali ya kuhesabu watu, ingawa hata hii kazi yake ni kutoa hesabu.

Ukikanyaga mafuta katika gari la petroli kama letu, hummiminii injini petroli. Unavuta waya unaofungua kilango cha hewa kwenye koo la injini. Kilango hicho ndicho mafundi wanachokiita throto. Kompyuta ya gari inatakiwa kujua kilango kimefunguka kiasi gani, ili itoe petroli inayolingana na hewa. Anayeipelekea habari hiyo ni kifaa kidogo cha plastiki, kisichozidi kiganja cha mtoto, kilichofungwa ubavuni mwa throto kwa skrubu mbili.

Je, ndani yake mna nini? Katika magari mengi ya umri wa letu, mna njia nyembamba ya kaboni na kidole cha chuma kinachotembea juu yake. Ni ufundi ule ule wa kitufe cha kuzungusha sauti katika redio za zamani. Kama nyumbani kwenu palikuwa na redio kama hiyo, utakumbuka kwamba baada ya miaka mingi palikuwa na mahali pamoja ambapo ukifika, sauti hukwaruza au hupotea kabisa, ukapita kidogo ikarudi. Kaboni ya mahali pale ilikuwa imelika.

Sasa fikiria gari ambalo maisha yake ni foleni. Kutwa kucha kilango kinafunguliwa kidogo tu na kufungwa, kidogo tu na kufungwa. Kidole kinasugua pale pale, kama miguu inavyokula kizingiti. Siku njia ya kaboni ikikatika hapo, kompyuta inapata habari kwamba kilango kimefungwa ilhali kimefunguka. Inakata petroli, hewa inazidi, na gari linakufa. Kwenye barabara ya wazi kidole kinapita mbali na kidonda hicho, na ndiyo maana mume wangu hakuona lolote. Sote wawili tulikuwa tukisema kweli.

Pima kwanza

Mzee hakusema, "Ni sensa, lete pesa." Alisema, "Tupime." Alitoa mita ya umeme ya mshale. Baadhi ya mafundi huipenda ya aina hiyo kwa kazi hii kwa sababu umeme ukikatika kwa nukta moja jicho huuona mshale ukianguka, ilhali mita ya tarakimu huweza kuchelewa kuonyesha.

Alianza na soketi ya nyaya. Alipoichomoa tulikuta kutu ya kijani kwenye pini. Sisi wa Shelly Beach tunajua upepo wa chumvi unavyokula mabati, baiskeli na bawaba za milango, na gari halisamehewi. Aliisafisha, akaikausha, akaniambia kwamba mara nyingine ugonjwa huishia hapo na mtu haoni haja ya kununua kitu.

Kisha akafungua switchi bila kuwasha injini, akapima nyaya tatu moja moja. Mmoja huleta umeme kutoka kwa kompyuta, na unatakiwa kuwa karibu volti 5. Wa pili ni wa ardhi. Wa tatu ndio unaorudisha habari. Magari mengine huwa na waya wa nne, lakini mambo ni yale yale. Wawili wa kwanza walikuwa wazima. Hiyo ni hatua muhimu, kwani kama waya wa umeme au wa ardhi umekatika, hata ukifunga sensa mpya kumi, gari litabaki lilivyo.

Mwisho akatia mita kwenye waya wa habari na kunipa mimi kazi ya kukikanyaga kanyagio la mafuta polepole, polepole kabisa. Kilango kikiwa kimefungwa, mshale ulisimama karibu nusu volti, kama inavyotakiwa. Kwa kawaida unatakiwa upande bila kusita hadi karibu volti 4 na nusu kilango kikiwa wazi kabisa. Wetu ulipanda kidogo, kisha, lo! ukaanguka hadi chini, ukarudi, ukaendelea kupanda vizuri hadi juu. Tukarudia mara tatu. Mara zote tatu ulianguka pale pale.

"Umeona?" mzee akaniuliza. Nilikuwa nimeona. Machozi yalinilenga, msomaji, nisikufiche. Ilikuwa mara ya kwanza kitu kingine kusema kwamba klachi yangu haina makosa.

Sensa yenyewe ilitugharimu chini ya bei ya ile pampu. Mzee aliifunga, akailegeza na kuikaza mpaka mita ikasoma sawa kilango kikiwa kimefungwa, kwa maana sensa za aina hii zikifungwa shaghalabaghala gari hunguruma ovyo hata zikiwa mpya. Tangu siku hiyo gari halijanifia kwenye foleni.

Ya kuzingatia

Wewe uliye na gari lenye dalili kama hizi, zingatia haya machache.

Kwanza, itazame ile taa ya injini kwenye dashibodi. Ukifungua switchi inatakiwa kuwaka, na ukiwasha injini inatakiwa kuzimika. Isipowaka kabisa, huenda balbu imeungua, au mtu ameitoa makusudi ili akuuzie gari. Kadhalika, usidhani kwamba taa isipowaka gari ni zima. Kidonda kidogo kama chetu hupita haraka mno hata kompyuta isikinakili.

Pili, kompyuta hutoa namba za ugonjwa. Katika Toyota nyingi za miaka ya 1990, fundi huunganisha pini mbili na taa hukonyeza: mara nne, ikapumzika, mara moja, yaani 41, ambayo ni namba ya sensa hii. Magari ya baadaye husomwa kwa mashine, na namba zake ni P0120 hadi P0124. Lakini namba hukuonyesha mtaa, haikuonyeshi nyumba. Inasema kuna kasoro katika njia hiyo, na kasoro yaweza kuwa waya, soketi au sensa. Bado fundi apime.

Tatu, magari mengi ya siku hizi hayana waya wa kuvuta throto. Mota ndiyo inayoifungua, na kanyagio lenyewe lina sensa zake. Hayo si ya kuchokorachokora. Usitie kidole kwenye kilango hicho switchi ikiwa wazi.

Nne, kuna magonjwa mengine yanayofanana na haya: throto yenye uchafu, mpira wa hewa uliopasuka, hata plagi kweli. Ndiyo sababu kupima hugharimu kidogo kuliko kubahatisha.

Tano, na hili nalisema kwa wenzangu wa Likoni: gari likishaanza kuzimika ovyo, usilipeleke kwenye mteremko wa feri. Likikuzimikia kwenye foleni, vuta breki ya mkono kwanza, kisha washa taa za hatari, ndipo uguse ufunguo. Kama limefika mteremkoni, waite wahudumu. Aibu ya kusukumwa kando ni ya dakika tano.

Na wewe bwana mwenye nyumba, gari likiumwa, mpeleke kwa fundi yule anayeliendesha likiumwa. Tuliokwisha kutoa mali kununua plagi na pampu tungaliokoa karo kwa swali moja tu.

Jioni ile nilimsimulia mume wangu yote, pamoja na mshale ulivyoanguka. Alisikiliza, akanyamaza, kisha akasema chai imepoa. Lakini siku hizi, akirudi kazini, kabla hajavua viatu huniuliza, "Gari lilikwendaje leo kwenye foleni?" Na mimi humweleza.

Tukutane Jumapili ijayo, Mungu akipenda.