Elektroni Haijali Mtazamo Wako

Kuna sentensi moja imenichosha. Naikuta kwenye dibaji za diwani, naikuta kwenye mapitio ya riwaya, naikuta kwenye magrupu yetu ya WhatsApp ya wapenzi wa fasihi, na kila mara inakuja imevaa koti jeupe la maabara: eti fizikia ya kisasa imethibitisha kwamba ukweli hutegemea mtazamaji. Ukiuliza imethibitisha wapi, unatajiwa jaribio la mianya miwili. Ukiuliza jaribio lenyewe linafanywaje, mada inabadilishwa.

Nasema wazi: jaribio hilo halikuthibitisha hivyo. Limeonyesha kitu kigumu zaidi, na kwa hoja yetu hii, karibu kinyume chake. Waliolipotosha si wanafizikia peke yao. Ni sisi tunaoishi kwa maneno, tuliochukua neno moja, "kuangalia", tukalibebesha mzigo usio wake.

Tuanze na jaribio. Niko Misima, wilayani Handeni, mahali ambapo lambo si tamathali ya usemi. Ni maji ya kunywesha ng'ombe, na miaka mingine ni maji ya kila kitu. Simama kando ya lambo lililotulia, dondosha mawe mawili kwa pamoja, hatua chache kati ya moja na jingine. Kila jiwe linatuma duara zake. Zinapokutana, tazama vizuri: pale mgongo wa wimbi unapopanda juu ya mgongo mwenzake, maji yanainuka zaidi, pale mgongo unapokutana na bonde, maji yanatulia kana kwamba hakuna kilichopita. Ukichora picha ya lambo wakati huo utapata mistari: mtikisiko, utulivu, mtikisiko, utulivu.

Mwaka 1803 Thomas Young, daktari wa London, aliwaeleza wanasayansi wenzake kwamba mwanga hufanya hivyo hivyo. Aliruhusu mwali mwembamba wa jua uingie chumbani, akaukinga kwa kipande chembamba cha kadi ili mwanga upite pande zake mbili. Nyuma ya kadi hakuona kivuli kitupu. Aliona mistari. Na alipoziba upande mmoja, mistari ikatoweka. Kwa hiyo mwanga ni wimbi. Kesi imefungwa?

Haikufungwa. Mwaka 1905 Albert Einstein alieleza kwamba mwanga unapogonga metali na kung'oa elektroni, unatoa nguvu yake kwa mafungu, fungu moja moja, kama chembe. Mwaka 1924 Louis de Broglie akageuza swali: kama mwanga tuliouita wimbi una tabia ya chembe, kwa nini elektroni tuliyoiita chembe isiwe na tabia ya wimbi? Mwaka 1927 majaribio yakampa haki. Na mwaka 1989, huko Japani, Akira Tonomura na wenzake wakatuma elektroni moja moja kwenye chombo chao. Badala ya mianya walitumia waya mwembamba wenye chaji, elektroni ikiwa na njia mbili za kupita, kulia na kushoto. Kazi ni ile ile. Kila elektroni ilitua kwenye skrini kama nukta moja. Nukta za mwanzo zilitawanyika ovyo, kama punje za mtama zilizomwagika sakafuni. Zilipofika maelfu, mistari ikaanza kuonekana. Zilipofika makumi ya maelfu, mistari ya lambo ilikuwa pale, dhahiri. Na elektroni hizo hazikusukumana njiani. Ilikuwa nadra sana mbili kuwa humo kwa wakati mmoja.

Hapo ndipo penye maajabu, na sitaki kuyapunguza hata kidogo. Ila ngano yetu inaanzia hatua inayofuata. Ukiweka kifaa kinachonasa elektroni imepita njia ipi, mistari inafutika. Mwandishi wetu akisikia hivyo anaruka: "Mnaona! Ukiiangalia, inabadilika! Akili ya binadamu inaumba uhalisia!" Kutoka hapo ni hatua moja tu kufika kwa mhamasishaji anayeuza semina ya kubadili mtazamo ili pesa zije.

Taratibu, jamani. Nani kasema habari za akili?

Huko Vienna, kikundi cha Anton Zeilinger na Markus Arndt kilifanya majaribio ya namna hii kwa molekuli kubwa za kaboni, zile zenye umbo kama la mpira. Mwaka 2003 walionyesha kwamba ukiingiza gesi kidogo kidogo ndani ya chombo, mistari inafifia kadiri gesi inavyozidi, kwa kiasi kile kile ambacho hesabu ilitabiri. Mwaka 2004 wakapasha molekuli joto kwa leza mpaka zikawa zinatoa mwanga wenyewe njiani. Mistari ikafifia tena. Sasa niambie, nani aliangalia? Hakuna aliyechungulia kuona molekuli ipi imegongwa wapi. Ilitosha kwamba gesi imegongana na molekuli, au mwanga umetoka ndani yake, na habari ya njia yake ikabaki imeandikwa mahali fulani, hata kama hakuna wa kuisoma. Hewa haina mtazamo. Hewa haina itikadi. Lakini hewa ilifuta mistari.

Kwa hiyo neno letu si "kuangalia". Neno ni "kupima", na kupima maana yake ni kugusana na kitu mpaka kibaki na alama nje yake. Kiswahili kilikuwa na neno zuri tayari, sisi tukachukua la jicho kwa sababu linapendeza kwenye shairi.

Najua jibu la wenye kusoma sana. Watanikumbusha kwamba mwanafizikia mkubwa, Eugene Wigner, mwaka 1961 aliandika akiipa akili ya mpimaji nafasi ya pekee. Kweli, aliandika. Na baadaye mwenyewe aliliacha wazo hilo. Watanikumbusha pia kwamba wanafizikia hadi leo wanabishana juu ya maana ya hesabu zao. Kweli tena: kwa nini nukta hii imetua hapa na si pale, hakuna jibu ambalo wote wamekubaliana. Lakini angalieni wasichobishania. Hawabishani mistari itakuwa wapi. Elektroni zenye kasi ile ile, vipimo vile vile vya chombo, basi mistari itakaa pale pale, afanye jaribio muumini au mkana Mungu, afanyie Bologna au Handeni. Ukitamani mistari isogee milimita moja kulia, tamani mpaka jioni. Hiyo ndiyo "kutegemea mtazamaji"?

Hata huo uwili wa wimbi na chembe tunausimulia vibaya, kana kwamba elektroni huvaa kanzu ikienda msikitini na suti ikienda ofisini. Mfikirie popo. Aliyeona mabawa alisema ni ndege; aliyeona meno na maziwa alisema ni mnyama. Popo hakubadilika kwa ajili ya yeyote kati yao. Kilichopungua ni majina yetu. "Wimbi" tulilitoa baharini, "chembe" tukaitoa kwenye mchanga na nafaka, halafu tukashangaa kwamba kitu ambacho hakijawahi kukaa baharini wala ghalani hakiingii sawasawa kwenye neno lolote kati ya hayo mawili. Hilo ni somo kubwa kwa mwandishi: lugha ina mpaka. Lakini kusema lugha yangu ina mpaka ni unyenyekevu. Kusema uhalisia unatii macho yangu ni majivuno.

Mtaniuliza, ndugu yetu wa Misima, hasira yote hii ya nini? Mshairi akikosea fizikia, nani kafa?

Nijibu kwa gunia. Hapa kwetu tunalima mahindi. Mnunuzi anakuja na gunia lililoongezwa kichwa na kushonewa kamba juu, lumbesa, anasema hili ni gunia moja. Mkulima anasema hili limezidi. Sasa mlete mhakiki wetu hapo awasuluhishe: kila mmoja ana ukweli wake, ndugu zangu, hata fizikia imethibitisha. Nani atatoka hapo na faida? Mwenye lori. Siku zote ni mwenye lori. Asiye na nguvu hana rafiki mwingine zaidi ya mzani, ndiyo maana sheria ya vipimo inakataza lumbesa. Na shamba ni hivyo hivyo: mahali ambapo mkulima na mfugaji wanagombea mpaka, anayetaka jiwe la mpaka lipimwe kwa kawaida ni yule asiye na mtu mkubwa wa kumpigia simu. Falsafa ya "kila mtu na ukweli wake" inasikika kama huruma kwa mnyonge. Ukiitumia mnadani, inamnyang'anya.

Mkoa wetu huu wa Tanga una ushahidi mwingine. Mwaka 1963, huko Magamba, Lushoto, mwanafunzi wa kidato cha tatu aitwaye Erasto Mpemba aliweka kwenye friji maziwa ya moto ya kutengenezea aiskrimu, na yake yakaganda kabla ya yale ya mwenzake yaliyowekwa baridi. Alipouliza, aliambiwa amechanganyikiwa. Baadaye, akiwa Mkwawa, Iringa, mwalimu alimjibu kwamba hiyo ni fizikia ya Mpemba, si fizikia ya ulimwengu. Darasa likacheka.

Tazama vizuri dhihaka ile. "Fizikia ya Mpemba" ndiyo hasa zawadi ambayo wahakiki wetu wangempa: baki na ukweli wako, kijana, sisi tuna wetu. Mpemba aliikataa. Alirudia jaribio, akaendelea kuuliza, na Denis Osborne wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alipotembelea shule hiyo, akamuuliza mbele ya wenzake waliokuwa wakimcheka. Osborne alirudi Dar, jaribio likafanywa, na mwaka 1969 wawili hao wakachapisha makala yao. Mpaka leo wataalamu wanabishana jambo hilo hutokea lini na kwa nini, na wanabishana kwa kipimajoto. Heshima aliyoipata Mpemba ilikuwa hiyo: kupimwa. Kuachwa na "mtazamo" wake kungekuwa njia ya adabu ya kumfukuza.

Na sisi wa fasihi tusijidai kwamba hii ni akili ya wanasayansi tu. Mzee wetu Shaaban Robert, wa Tanga hii hii, katika Kusadikika alimsimamisha Karama barazani ajitetee. Karama hakusema kwamba Kusadikika kuna kweli nyingi na yeye ana yake. Alisimulia wajumbe sita, mmoja baada ya mwingine, walitumwa wapi, walileta nini, walitendwa nini. Alileta ushahidi mbele ya wenye nguvu mpaka baraza likashindwa kuukwepa.

Basi ombi langu kwa wenzangu ni dogo. Kabla hujaandika neno "kwanta" kwenye mapitio yako yajayo, tafuta machinga anayeuza vile vitochi vya leza nyekundu. Ng'oa unywele mmoja kichwani mwako. Usiku, uweke wima mbele ya mwali, karibu na kitochi, na uelekeze kwenye ukuta mweupe umbali wa mita 3 hivi. Usimmulike mtu machoni. Utaona vidoa vyekundu vimejipanga kulia na kushoto, na giza katikati yao, kila sentimita 2 mpaka 4 kutegemea unene wa unywele wako. Ndiyo kadi ya Thomas Young hiyo, nyumbani kwako. Kisha mwite jirani msiyeelewana naye kwa lolote, dini, siasa wala timu, ampe mtoto rula apime. Mkipata namba tofauti, niandikie.