Mwajiri Mmoja, Mishahara Miwili

Tume ya Huduma kwa Walimu, TSC, iliundwa mwaka 1967 kwa sababu ambayo wengi wetu tumeisahau. Kabla yake, mwalimu wa Kenya aliweza kuwa mtumishi wa misheni, wa halmashauri au wa bodi ya elimu ya wilaya, na kila mwajiri alikuwa na masharti yake. Nyuma zaidi, serikali ya kikoloni ililipa watumishi wake kwa rangi ya ngozi: Mzungu juu, Mhindi katikati, Mwafrika chini. KNUT, chama cha walimu kilichozaliwa mwaka 1957, kilidai bila kuchoka kwamba walimu wawe na mwajiri mmoja na masharti sawa. Tume ndiyo jibu walilopata.

Leo ni Tume hiyohiyo inayowaweka walimu wawili katika majilisi moja, wenye vyeti sawa na ratiba sawa, mmoja akilipwa mshahara na mwingine posho. Huyo wa posho anaitwa mwanagenzi.

Jina hilo linasitiri mengi. Mwanagenzi wa sekondari msingi, yaani JSS, si mwanafunzi wa chuo aliyetumwa kujaribu kazi. Amehitimu, amesajiliwa, ana nambari ya TSC. Anafundisha, anasahihisha, anashika zamu. Mwisho wa mwezi huandikiwa shilingi 20,000, na makato yakishapita hubaki kama 17,000. Yule wa shule ya msingi ameandikiwa 15,000. Mwenzao mwenye shahada aliye katika ajira ya kudumu huanza na mshahara wa msingi unaozidi 30,000, na juu yake kuna marupurupu ya nyumba na ya usafiri, bima ya matibabu na pensheni. Kodi ya nyumba, nauli na bei ya unga haziulizi nani ni mwanagenzi.

Serikali hujitetea kwamba hawa wananolewa. Na nani? Gredi ya Saba ilipoanza mapema mwaka 2023, ilipachikwa ndani ya shule za msingi, na shule nyingi zilipata mwalimu mmoja tu wa JSS, au wawili, kwa masomo zaidi ya kumi. Mwalimu wa Kiswahili akajikuta anafundisha sayansi na kilimo. Palipokuwa na mwanagenzi peke yake, huyo ndiye aliyekuwa idara nzima. Ukitafuta mkufunzi wake, humwoni.

Sheria nayo haina utata. Ibara ya 41 ya Katiba inampa kila mfanyakazi haki ya malipo ya haki. Kifungu cha 5 cha Sheria ya Ajira ya 2007 kinamtaka mwajiri alipe sawa kazi zenye thamani sawa. Aprili 2024, Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi iliamua kwamba kuwaajiri walimu waliohitimu na kusajiliwa kama wanagenzi ni kinyume cha Katiba. Tume ikakata rufaa. Mwezi uliofuata walimu wa JSS waliacha madarasa wakaingia barabarani. Januari 2025 wanagenzi wapatao 46,000 walipewa ajira ya kudumu, nasi tulishangilia. Furaha yetu haikumaliza mwezi, kwani Januari hiyohiyo Tume ilileta wanagenzi wapya 20,000.

Hata vyama vya walimu havina mikono safi katika habari hii. Mwaka 2019, kufuatia mvutano wa mahakamani kuhusu mkataba wa mishahara wa 2017 hadi 2021, walimu wa KNUT walinyimwa nyongeza ambayo wasio wanachama waliipata. Makumi ya maelfu walikihama chama chao. Mvutano ule uliizoesha Tume kuweka orodha mbili za malipo, na vyama vikakaa vikisutana badala ya kupinga kwa sauti moja.

Tunajua hoja ya fedha, na hatuipuuzi: madarasa yana upungufu mkubwa wa walimu, hazina ina madeni, na kwa kijana aliyekaa nyumbani miaka mitano baada ya kuhitimu, 20,000 ni afadhali. Lakini shida yake ndiyo inayotumiwa kumpunja. Serikali isiyoweza kulipa walimu 20,000 na iajiri 10,000 kwa mshahara kamili, kisha iwaambie wazazi waziwazi kwamba nusu ya pengo imebaki. Hapo wabunge watalazimika kuijadili bajeti ya elimu kama ilivyo, bila pengo hilo kufunikwa na jasho la vijana.

Kurasa zinazofuata tumewaachia walimu wenyewe, wa kudumu na wanagenzi. Walimu wakuu, nyinyi mnaopanga ratiba na kuona nani anabeba nini, sauti zenu bado ni chache humu. Tuandikieni, hata kama ni kutupinga.