Ufunguo Anao Nani?

"Sista, kabati lina kufuli!"

Aliyesema hivyo ni muuguzi kijana aliyetumwa adrenalini. Nyuma yake mwenzake alikuwa akikandamiza kifua huku akihesabu kwa sauti: ishirini na nane, ishirini na tisa, thelathini. Ufunguo ulikuwa mfukoni mwa msimamizi wa wodi, na msimamizi alikuwa ameenda kunywa chai. Hadi apatikane, dakika nne zilikuwa zimekwisha. Mgonjwa hakufa, kwani alikuwa mdoli wa plastiki tuliyemlaza kitandani asubuhi ile bila kuwaarifu wa zamu. Kesho yake ufunguo ukatundikwa ukutani, mahali ambapo kila mtu anauona.

Toleo hili linahusu mafunzo ya kuigiza katika tiba ya moyo, nami nimeanza na kisa hicho makusudi. Tukisikia mafunzo ya namna hii, wengi wetu tunawaza chumba chenye kiyoyozi na midoli ya mamilioni. Midoli hiyo ina heshima yake. Mwaka 1960 Asmund Laerdal, mtengenezaji wa vitu vya kuchezea wa Norwei, alimtoa Anne, ambaye juu ya kifua chake watu wasiohesabika wamejifunza kufufua. Mwaka 1968 Michael Gordon wa Chuo Kikuu cha Miami alimwonyesha Harvey, mdoli aliyepewa jina la mwalimu wake. Harvey hutoa sauti za moyo wenye maradhi, ili mwanafunzi azoeze sikio kabla hajamwekea mgonjwa stetoskopu.

Hata hivyo, kuwa na mdoli ni jambo moja, na kuutumia kila mara ni jingine. Ushahidi tunao hapa nyumbani. Katika Hospitali ya Kilutheri ya Haydom, mkoani Manyara, watumishi walipewa kozi ya siku moja ya kumsaidia mtoto mchanga kupumua. Mbele ya mdoli walifanya vizuri kuliko awali. Kwenye chumba cha kujifungulia, mambo yakabaki yaleyale. Baadaye mazoezi yakawa mafupi, ya dakika chache, palepale kazini, tena ya mara kwa mara. Hapo vifo vya watoto katika saa 24 za kwanza vikapungua. Somo lilikuwa pumzi ya kichanga, lakini sisi wa moyo linatuhusu vilevile.

Moyo ukisimama, kila dakika inayopita bila kifua kukandamizwa wala moyo kushtuliwa hupunguza nafasi ya kupona kwa takriban asilimia 7 hadi 10. Kifua cha mtu mzima kishuke sentimita 5, kisizidi 6, mara 100 hadi 120 kwa dakika. Anayekandamiza apokewe kila baada ya dakika 2, maana mikono huchoka kabla mwenyewe hajajijua. Kusoma ni rahisi. Saa nane usiku, ndugu wa mgonjwa wakilia mlangoni, mkono hufuata ulichozoea.

Sisi tumezoea semina: ukumbi wa hoteli, siku mbili, cheti, posho. Siibezi semina, lakini sijamwona kocha anayeipeleka timu fainali kwa semina ya siku moja. Utaniuliza: watu hawatoshi, tufanye mazoezi saa ngapi? Dakika kumi za kupokezana zamu, mara moja kwa wiki, zamu zote mbili zikiwapo. Mdoli ukikosekana, mto utafaa kuzoeza mpangilio: nani anakandamiza, nani anashika ambu, nani anakimbilia dawa, nani anaandika saa. Kina cha sentimita 5 mto hautakufundisha, lakini kufuli la kabati utalifichua.

Sharti langu ni moja. Daktari bingwa naye apige magoti, akosee, arekebishwe na muuguzi aliyeajiriwa mwaka huu. Na makosa ya zoezi yasiingie kwenye faili la mtu. Pasipo hilo, watu wataficha wasichokijua hadi mgonjwa wa kweli akifichue.

Makala zinazofuata zitakupa mbinu. Kabla hujafungua ukurasa, inuka uende wodini kwako uangalie kabati la dawa za dharura. Ufunguo anao nani?