Moshi wa Nyumba ya Mhunzi



Baada ya kumshukuru Mwenyezi Mungu na kumsalia Mtume wake (s.a.w.), wiki hii tumeona tuzungumze juu ya chuma na watu wanaokifua, kwani jambo hili limeingia katika nyumba zetu kwa mlango wa posa.

Mama mmoja wa Ngaremara, kule Isiolo kwenye barabara iendayo Archer's Post, ametuletea swali. Binti yake ameposwa na kijana mwenye kuswali, mwenye adabu, na anayekula jasho lake. Baba ameridhia na binti ameridhia. Lakini wajomba wamekataa kwa sababu moja tu: kijana anatoka katika ukoo wa wahunzi. Mama anauliza, je, ukoo huo una doa katika dini?

Wasomaji wetu wa pwani huenda wakastaajabu, lakini katika nchi ya wafugaji jambo hili ni zito na la tangu kale. Wasamburu humwita mhunzi lkunono, Waborana humwita tumtu, na Wasomali tumal. Yeye ndiye aliyefua mkuki uliolinda ng'ombe, kisu, shoka, na kengele iliyofungwa shingoni mwa mnyama asipotee. Hata hivyo, jamii iliyoishi kwa kazi ya mikono yake haikumwoza binti wala haikuoa kwake, na majina yaliyokuwa ya kazi yakageuzwa kuwa matusi.

Nasi wa pwani tusijione tuko mbali na chuma. Mwanajiografia al-Idrisi, aliyekamilisha kitabu chake mwaka 1154, aliandika kwamba watu wa Malindi na Mombasa walikuwa na machimbo ya chuma, na kwamba biashara ya chuma iliwapa faida kubwa. Wengine wameienzi kazi hiyo mpaka leo. Mjini Salzburg, nchini Austria, wageni hupita katika mtaa wa Getreidegasse wakiinua macho kutazama vibao vya maduka vilivyofuliwa kwa chuma, kila kimoja kikitangaza biashara iliyomo ndani. Huko kazi ya mhunzi imetundikwa juu ya mlango. Kwetu mhunzi mwenyewe anasimamishwa nje ya mlango.

Dini yasemaje? Qur'ani ina sura nzima iitwayo chuma, al-Hadid, sura ya 57, na humo tumeelezwa kwamba chuma kina nguvu kubwa na manufaa kwa watu. Sayyidna Daud (a.s.), Nabii na mfalme, alilainishiwa chuma na Mola wake, akafundishwa kutengeneza deraya.

Na nyinyi akina mama, lisikilizeni hili kwa makini. Mtume wetu (s.a.w.) alipozaliwa mwanawe Ibrahim, alimpeleka kunyonyeshwa katika nyumba ya Abu Sayf, na Abu Sayf alikuwa mhunzi wa Madina. Imamu Muslim amepokea kutoka kwa Anas kwamba Mtume alipokwenda kumwona mtoto, walimkuta Abu Sayf akivukuta mivukuto yake na nyumba imejaa moshi. Anas akatangulia mbio kumwambia asite, kwani Mtume amefika. Mtume akaingia, akamtaka mwanawe, akamkumbatia. Ikiwa kipenzi cha Mwenyezi Mungu alimkabidhi mkewe mhunzi damu yake mwenyewe ailee kwa maziwa yake, sisi tunaogopa damu gani?

Ni kweli kwamba katika madhehebu yetu ya Imamu Shafi, mafakihi wameitaja kazi miongoni mwa mambo ya kufu, na hatutawaficha hilo. Lakini Imamu Nawawi katika Minhaj, alipotoa mifano ya kazi za chini kwa desturi ya zama zake, aliwataja mfagiaji, mpiga chuku, mlinzi, mchungaji na mhudumu wa hamamu. Mchungaji yumo, mhunzi hayumo. Nani kati ya wafugaji atakubali kudharauliwa kwa hilo, ilhali Mitume wenyewe walichunga? Hizo ni hukumu za desturi, na desturi hubadilika. Tena kufu ni haki ya binti na walii wake. Wakiiacha kwa ridhaa yao, ndoa ni sahihi. Mjomba ana heshima yake na haki ya kuungwa udugu, lakini si walii.

Tazameni pia mkanganyo wetu. Kijana anayechomelea mageti na madirisha kwa umeme tunamwita fundi, tunamsubiri na kumbembeleza atumalizie kazi kabla ya Idi. Anayefua chuma kwa makaa na nyundo tunamtafutia jina la dharau. Chuma ni kile kile, na jasho ni lile lile.

Basi mama yetu wa Ngaremara, ukoo huo hauna doa. Ulizeni juu ya swala ya kijana, ukweli wake, ulimi wake na uwezo wake wa kumtunza mke, kama mngemuuliza yeyote. Kwa wajomba, mtumeni mzee wanayemstahi, aende na maneno laini. Na sisi wazazi sote tuchunge tunayoyasema mbele ya watoto, kwa maana dharau ya ukoo haizaliwi na mtu. Huisikia jikoni na sebuleni kwao.

Mwenyezi Mungu azitakase nyoyo zetu na azibariki nyumba za vijana wetu. Amin. Wabillahi tawfiq.